Kwa nini nilijipa nafasi ya shangazi mbaya

Mtwara mjini wananijua kwa kuigiza wabaya: mama wa kambo, mchawi, wifi mchonganishi. Nilipoanza kuongoza filamu yangu fupi kuhusu ndoa za utotoni, wenzangu walidhani safari hii nitakuwa mwalimu mwema. Nikachukua nafasi ya shangazi anayemwoza binti. Mwalimu mwema huitikiwa "ndiyo", watu wakarudi kwao na yao. Shangazi mbaya hujibiwa.

Kibali cha kupiga filamu kilipatikana. Kazi ngumu ilikuwa unyago, maana kwetu kuna wanaomwona mtoto aliyetoka unyagoni kuwa mtu mzima hata kama ana miaka 12. Nikamfuata kungwi mmoja, nikamsomea muswada wote huku akisuka ukili.

"Mjukuu wangu, ya ndani yabaki ndani," akasema. "Ukipiga picha mle, hakuna mwanamke atakayekaa kukutazama."

Basi kamera inamwona binti akitoka tu: kapakwa mafuta, khanga mpya, watu wanamtuza. Bibi yule akatutangazia maonyesho kuliko spika yoyote.

Vijijini Newala tulionyesha baada ya sala ya isha, shuka jeupe likiwa limefungwa kwenye mikorosho miwili. Upepo wa kule juu ukalitunisha, uso wangu ukavimba, watoto wakaangua kicheko mahali pa kulia. Tukafunga mawe chini.

Shangazi anapopokea mahari, nazima projekta. Nakuja mbele na khanga zangu zile zile, nauliza: nimekosa nini? Ujanja huo niliupata shuleni kwenye klabu ya Tuseme, mradi ulioanzishwa mwaka 1996 na wahadhiri wa sanaa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ili wasichana waseme matatizo yao kwa maigizo.

Mzee mmoja akasimama. "Shangazi, huna kosa. Huyo si mwanafunzi. Kamaliza la saba, hakuchaguliwa." Makofi.

Na sheria alikuwa anaijua! Kifungo cha miaka 30, kilichoingizwa kwenye Sheria ya Elimu mwaka 2016, ni cha anayemwoa au kumpa mimba mwanafunzi. Aliyemaliza anaangukia Sheria ya Ndoa ya 1971, iliyoruhusu binti wa miaka 15 kuolewa mzazi akiridhia. Mahakama Kuu ilisema mwaka 2016 kwamba hilo linapingana na Katiba, na Mahakama ya Rufani ikakubaliana nayo 2019, lakini pale uwanjani wengi walikuwa hawajawahi kusikia.

Nikaongeza kipande: binti anatafuta jina lake kwenye matokeo yaliyobandikwa ukutani, kidole kinashuka mpaka chini, halipo. Tangu hapo akina mama ndio wanaoanza kusema. Wanataja cherehani, ada ya chuo cha ufundi cha VETA, nani atamlisha miaka mitatu minne mpaka akue.

Hela ya mafuta ya genereta naipata kwa kupiga video za harusi, hasa watu wakishalipwa korosho zao. Kichekesho, najua. Ila sipokei advansi kabla ya kuongea na bibi harusi mwenyewe kuhusu nyimbo anazozitaka. Msimu uliopita nilirudisha ya mtu mmoja. Alipata mpiga picha mwingine siku hiyo hiyo.