Skonzi za baga zinataka jiko lake

Kwetu, Jumapili ya kuchoma nyama uani kila mtu ana kituo chake. Shemeji yangu yuko kwenye wavu na hapendi kusogelewa. Mke wangu na wadogo zake wanashika kachumbari, ukwaju na vinywaji. Mimi ni mtu wa mkate. Ukisikia hivyo utadhani nimepewa kazi ya kuniweka mbali na nyama, na sidhani kama utakuwa umekosea sana. Lakini siku hizi mtu akimaliza baga yake anauliza habari za skonzi kabla hajauliza kima kilitiwa viungo gani, na maswali yenyewe yamekuwa mengi kiasi kwamba ni nafuu niandike.

Jambo kubwa ni moja: mkate usichomwe kwenye moto wa nyama. Mengine yote yanafuata hapo.

Skonzi tunazonunua Dar es Salaam ni laini na zina utamu. Kuna sukari ndani, mara nyingi na maziwa. Sukari na protini zikipata joto la kama nyuzi 140 na kupanda, mkate unaanza kupiga rangi ya kahawia na kutoa ile harufu inayowatoa watoto mchezoni bila kuitwa. Mfaransa Louis-Camille Maillard alilieleza jambo hilo kitaalamu mwaka 1912, ingawa wapika maandazi walikuwa wameshalijua kwa macho na pua. Tatizo ni kwamba safari ya kutoka kahawia hadi nyeusi ni fupi, na kadiri sukari inavyokuwa nyingi ndivyo inavyozidi kuwa fupi. Chini ya mishikaki makaa ni mekundu, mafuta yanadondoka, miali inaruka. Skonzi ikitua pale inapata mistari myeusi ya nondo za wavu, na kati ya mstari na mstari bado ni nyeupe na haina joto. Kwenye picha inapendeza. Mdomoni ni masizi.

Kwa hiyo nina jiko langu. Ni jiko dogo la mkaa, lile la kupikia chai, na juu yake naweka chuma cha chapati. Chuma ndicho chenye siri. Wavu unagusa mkate kwenye mistari tu, chuma kinaugusa uso mzima, na uso mzima ndio ninaoutaka. Baga ikipasuka mkononi, mara nyingi nyama haina hatia. Ni mchuzi umeingia kwenye mkate mbichi na nusu ya chini imegeuka uji. Uso uliochomwa sawasawa ukawa na ganda jembamba lenye mafuta unaukawiza huo mchuzi, na skonzi inafika mwisho ikiwa bado skonzi. Ndiyo maana nachoma upande uliokatwa peke yake. Mgongo wa skonzi siugusi, ubaki laini kama ulivyotoka dukani. Kuna aliyenishauri nifunike na kupalia makaa juu, kama tunavyopalia wali, ili joto litoke pande zote mbili. Kwa mkate wa sinia sawa. Skonzi imeshaokwa, ukiipalia mgongo unakauka na unapasuka mtu anapoibana.

Mkaa wa jiko langu siwashi upya. Nachota makaa kwa shemeji yakiwa yameshapita ukali wake na kuanza kuvaa majivu meupe, nayatandaza yasirundikane katikati, kisha naufunga mlango wa jiko ubaki upenyo mdogo. Kipindi cha kusi hapa kwetu upepo unapuliza jiko bila kukuomba ruhusa, basi naligeuza mlango uangalie ukuta. Kama kuna kipande kinachofuka moshi, yaani mkaa ambao haukuiva vizuri tanuruni, nakitoa kwa koleo bila huruma. Nyama inavumilia moshi na hata inaupenda. Mkate unaunywa wote, na siagi inaunywa zaidi.

Chuma kinahitaji kupata moto taratibu, kama dakika kumi, ili joto lienee hadi pembeni. Kukipima natumia tone la maji. Tone likikaa kimya na kutoa mapovu madogo, bado. Likigawanyika vishanga na kukimbia huku na huko juu ya chuma, ni moto mno, nakiinua kwa muda. Ninachotaka ni tone linalolia mara moja na kukauka papo hapo lilipoanguka. Asiyeamini tone anyunyize unga kidogo wa ngano: ukipiga rangi polepole ni sawa, ukigeuka kahawia kabla hujaweka chini pakiti, ngoja.

Skonzi nanunua Jumamosi jioni kwa ajili ya Jumapili. Zilizotoka tanuri asubuhi hiyo hiyo zinanukia vizuri, lakini zinakatika vibaya. Kisu kinazibonyeza na kuzichana, uso unatoka na mashimo na vilima, na kilima ndicho kitakachoungua wakati shimo halijagusa chuma. Ya jana imetulia. Nakata kwa kisu chenye meno, skonzi imelala, kiganja juu yake kwa wepesi, na nakata mpaka nitenganishe nusu mbili. Wanaoacha zishikane upande mmoja wanapata shida ya kuzilaza. Zile zinazouzwa zimeshikana ubavu kwa ubavu naziachanisha kwanza, maana ukikata pakiti nzima kwa mkupuo zile za katikati zinatoka upande.

Na tafadhali zisilale kwenye friji. Wengi wanadhani friji inautunza mkate. Inazuia ukungu, hilo kweli, lakini wanga wa mkate unakakamaa haraka zaidi kwenye ubaridi wa friji kuliko juu ya meza ya jikoni. Usiku mmoja unatosha kuuzeesha. Kama ni lazima zikae siku kadhaa, zifungwe vizuri ziende friza, huko ukakamavu unasimama.

Kuhusu mafuta nimeshabishana na watu wengi na msimamo wangu ni samli. Siagi ya ng'ombe ina maji, karibu asilimia 16, na ina chembe za maziwa. Maji yanaulowesha mkate unaojaribu kuukausha, na zile chembe ndizo zinazoungua kwanza. Samli imeshachemshwa maji yakaisha na chembe zikachujwa, hivyo inavumilia joto la chuma bila kelele. Siagi laini za kopo, hasa zile zinazosema zina mafuta kidogo, zina maji mengi zaidi. Wape watoto kwenye mkate wa chai. Mayoneizi ni jambo lingine. Haitiririki, inapakika sawasawa, na rangi yake inatoka moja tu uso mzima. Ningekuwa na skonzi zisizo na sukari ningeitumia. Kwa hizi zetu inapiga rangi haraka mno, halafu napenda harufu ya samli, basi.

Kitunguu saumu nacho kina ustaarabu wake. Ukikipondaponda ukapaka kwenye mkate, vipande vinaungua na kuwa vichungu kabla mkate haujawa tayari. Mimi nakiponda, nakitia kwenye samli kwenye sufuria ndogo pembeni ya jiko, kinakaa humo kwa moto hafifu mpaka samli inukie, kisha nachuja kwa chujio la chai. Harufu inabaki, vipande vinakwenda kwenye kima.

Samli inapakwa kwenye mkate, haimwagwi kwenye chuma. Ukiimwaga, skonzi ya kwanza inainywa yote na ya pili inakuta pakavu. Brashi ndogo ya jikoni inatosha, safu nyembamba, mpaka kingoni. Kingo ndizo zinazosahaulika na ndizo mchuzi unapopitia.

Sasa uchomaji wenyewe. Nalaza nusu ya skonzi uso chini na kuikandamiza kidogo kwa mwiko bapa, si kwa nguvu, kiasi cha kuhakikisha kila sehemu imegusa chuma. Inalia mara moja, shiii, kwa sauti ndogo na ya mfululizo. Hiyo ni maji ya usoni yanaondoka. Wakati huo hakuna haja ya kuchungulia, rangi haiwezi kuja maji yakiwepo. Sauti inashuka, inaanza kukatikakatika, na hapo ndipo macho yanapohitajika, kwa sababu tangu sauti ifife hadi mkate uive ni sekunde chache tu. Nainua ukingo mmoja kwa ncha ya kisu. Kama kuna duara jeupe katikati na kahawia pembeni, nashusha tena na kubonyeza pale katikati. Ninayoitaka ni rangi ya chai ya maziwa iliyokolea, imeenea, na ukipitisha kidole kuna mkwaruzo mwepesi. Kwa kawaida ni dakika moja, au moja na nusu chuma kikiwa kimepoa kidogo kwa kubeba skonzi nyingi.

Nusu ya chini naiacha zaidi kuliko ya juu. Ya chini ndiyo itakayokaliwa na nyama na kunyeshewa mchuzi, iwe ngumu kidogo. Ya juu inapata rangi na harufu tu. Sijaona watu wakilifanya hili na sielewi kwa nini, maana halina gharama yoyote.

Mkate wa jana ukipata joto unarudi laini ndani, ila ulaini huo ni wa kuazima. Ukishapoa unakakamaa kuliko ulivyokuwa. Halafu hewa yetu ya pwani ina unyevu, uso ulioukausha kwa jasho unalegea wenyewe usipoliwa upesi. Ndiyo sababu sichomi mapema, hata wageni wakiwa wameshaketi na sahani mkononi. Muda wangu ni pale nyama inaposhuka. Shemeji kila mara anapaza sauti kutoka kwenye wavu:

"Shem, nyama inashuka huku, mkate uko wapi?"

"Ishushe tu shem, iache ipumzike. Nakuja nao."

Dakika tano za nyama kupumzika ndizo zangu. Nyama yenyewe inazihitaji, maana ukiibana kwenye mkate ikiwa imetoka motoni sasa hivi inamwaga mchuzi wote. Kima lakini kiwe kimeiva mpaka ndani, nyuzi 71 kwa mwenye kipimajoto. Hapo mimi na shemeji hatuna ubishi, tuna watoto na wazee. Chuma changu kinachukua nusu nane kwa mara moja, kwa hiyo skonzi nne zinatoka, nne zinaingia, na foleni inakwenda bila mtu kukasirika sana.

Zikitoka naziweka kwenye ungo uliotandikwa kitambaa cha pamba, uso ukiangalia juu. Usizifunike uso kwa uso zikiwa za moto na usizifunge kwa karatasi ya foili, mvuke utarudi ndani na kazi yote itakuwa bure. Anayefungiwa kwa kitambaa ni mmoja tu, baba mkwe. Kila tukikutana ananiambia, "Mwanangu, ya kwangu usiikaushe, meno yenyewe ndiyo haya." Yake naipaka samli zaidi, naitoa mapema, naifunika kwa kitambaa kidogo mvuke uilainishe. Anakula mbili.

Kupanga baga nimewaachia wenyewe, ila nimeweka sharti moja kwa wenye kachumbari: chumvi itiwe mwishoni kabisa. Chumvi inavuta maji ya nyanya na vitunguu, na kachumbari iliyokaa nusu saa na chumvi yake inaogelea. Nyanya zitolewe mbegu, na kinachochotwa kikamuliwe kidogo pembeni ya bakuli. Kisha kachumbari ikae juu ya nyama, isikae chini yake, na ukwaju upakwe kwenye nusu ya juu. Kwa mishikaki ni rahisi zaidi: unafungua skonzi mkononi, unalaza mshikaki ndani, unabana, unavuta kijiti, nyama inabaki. Hapo skonzi ambayo haikuchomwa inachanika pale pale kijiti kinapopita.

Nanunua moja na nusu kwa kila mtu mzima na moja kwa mtoto, na bado zinabaki kidogo. Zilizobaki bila kukatwa zinaenda friza siku hiyo hiyo. Nikizihitaji nazitoa, nazikata zikiwa na ubaridi bado maana zinakatika vizuri ajabu, na zinakwenda kwenye chuma kwa moto mdogo kuliko wa siku zote, ili katikati pawahi kupata joto kabla uso haujapiga rangi.