Alama za Zuma za Mama Mkubwa

Mwaka 2012 duka la fotokopi la mama mkubwa, pale Ngamiani mjini Tanga, lilipata kompyuta mpya yenye Windows 7 ya biti 64. Ile ya zamani ya Windows XP ilikuwa imeungua pawa saplai. Barua za wateja, fomu na picha za pasipoti zilihamia salama. Gemu ndizo zilizozua maneno. Fundi aliyeleta mashine aliweka gemu ya Zuma Deluxe, akaifungua kuijaribu, akaandika "aaa" pale inapoulizwa jina la mchezaji, kisha akainakili folda nzima ya Zuma ya zamani juu ya ile mpya. Akaenda zake. Kila mara Zuma ikifunguliwa, mchezaji ni mmoja tu: aaa, hajacheza kitu.

"Mwanangu, mimi nilishafika mahekalu ya mbali huko," alisema mama mkubwa. "Huyu aaa ametokea wapi?"

Mafaili aliyonakili fundi yalikuwa ndiyo yenyewe. Zuma ya kampuni ya PopCap ilitoka 2003, na gemu nyingi za enzi zile huandika palepale zilipowekwa: ndani ya C:\Program Files, kwenye folda ya gemu, kuna folda ndogo inayoitwa userdata, na humo ndimo yanamokaa majina ya wachezaji na hatua walizofikia. Kwenye XP karibu kila mtu alitumia akaunti yenye madaraka yote, hivyo gemu iliandika bila kuulizwa. Tangu Windows Vista, iliyoingia madukani 2007, programu ya kawaida hairuhusiwi kuandika ndani ya Program Files. Microsoft hawakutaka programu za zamani zife zote kwa kukosa ruhusa, wakaweka ujanja. Programu ya biti 32 isiyozijua sheria mpya ikijaribu kuandika humo, Windows inaitikia kwamba imekubali, halafu faili linapelekwa kimyakimya hapa:

C:\Users\jina\AppData\Local\VirtualStore\Program Files (x86)\

Hapo "jina" ni jina la akaunti ya Windows, na Program Files (x86) ni folda ambamo Windows ya biti 64 huweka programu za biti 32. Gemu yenyewe haina habari. Ikitaka kusoma, Windows hutazama VirtualStore kwanza. Ikikuta faili la jina hilo inatoa hilohilo, na isipolikuta ndipo inakwenda kwenye Program Files yenyewe. Sasa tazama mpangilio wa fundi. Alifungua gemu kwanza, "aaa" akazaliwa ndani ya VirtualStore. Baadaye akanakili faili za zamani kwenye Program Files (x86), mahali ambapo gemu haikuwa na sababu tena ya kupaangalia. Angenakili kwanza ndipo afungue gemu, majina yote yangeonekana mchana uleule.

Kilichotuonyesha njia ni jambo dogo. Tulibofya ikoni ya Zuma kwa kitufe cha kulia cha mausi na kuchagua "Run as administrator", na mama mkubwa akatokea, na wajukuu wake chini yake. Tukaifunga, tukaifungua kwa kubofya mara mbili kama kawaida: aaa. Gemu moja, seti mbili za wachezaji, kutegemea inavyoanzishwa. Programu ikipewa madaraka ya msimamizi ule ujanja wa VirtualStore unazimwa, inasoma folda halisi. Ukiona dalili hiyo usihangaike kutafuta kwingine. Windows 7 ina ushahidi mwingine ulio wazi kabisa: ingia kwenye folda ya gemu ndani ya Program Files (x86), na kama kuna mafaili yaliyohamishwa kisirisiri, juu kwenye upau kunatokea kitufe cha "Compatibility files". Ukikibofya kinakupeleka moja kwa moja hadi VirtualStore. Ni kitufe kizuri ambacho sijaona mtu akikitumia.

Kabla ya kugusa chochote, gemu ilifungwa kabisa. Hili watu hulipuuza. Gemu nyingi ndogo huandika faili la mchezaji wakati wa kutoka, kwa hiyo ukibandika faili la zamani huku gemu iko wazi, utakapoifunga itaandika ya kwake juu ya hilo lako. Tukaibadilisha jina userdata iliyokuwa VirtualStore ikawa userdata_aaa, tukaileta userdata ya zamani kutoka Program Files (x86) na kuiweka mahali pake, kisha ile ya Program Files tukaiondoa. Ingetosha pia kufuta ile ya VirtualStore tu, maana gemu ingerudi kusoma Program Files. Lakini mara ya kwanza ikiandika, nakala mpya inaingia VirtualStore na ya zamani inabaki nyuma, na siku mtu akiifungua kama msimamizi mtaanza upya mabishano ya nani kafika wapi. Nakala moja, mahali pamoja. Kwenye mashine ambayo bado haijawekwa kitu, ningeziweka gemu za namna hii kwenye C:\Gemu, nje ya Program Files. Huko Windows haiingilii, na faili za kusevu zinabaki kando ya gemu.

VirtualStore ni ya kila akaunti peke yake. Kijana wa dukani akiingia na akaunti yake ya Windows, ataikuta Zuma tupu. Hapo hakuna kilichopotea.

Plants vs. Zombies, gemu nyingine ya PopCap, ilikuwa habari nyingine. Hii ni ya 2009, imetengenezwa Vista ikiwa tayari ipo, nayo inajua sheria. Kwenye XP huandika folda ya userdata ndani ya Program Files, ila kwenye Vista na Windows 7 inaandika C:\ProgramData\PopCap Games\PlantsVsZombies\userdata. ProgramData imefichwa, unaiandika wewe mwenyewe kwenye upau wa anwani, au unaandika %programdata% na kubonyeza Enter. Inatumiwa na akaunti zote za kompyuta, kwa hiyo hapa kijana wa dukani na mama mkubwa wanaona orodha moja. Ndani yake kuna users.dat, ambayo ni orodha ya majina, halafu user1.dat, user2.dat na kuendelea, faili moja kwa kila mchezaji. Mafaili kama game1_0.dat ni michezo iliyoachwa katikati, na ile namba ya kwanza ndiyo ya mchezaji. Ukinakili user1.dat bila users.dat, jina halitokei kwenye orodha hata kama bustani yote imo ndani ya faili. Chukua folda nzima, usichaguechague.

Zile mbili zinajulikana. Palikuwa na nyingine za kutafuta vitu vilivyofichwa chumbani, kutoka kwenye CD za mchanganyiko, ambazo hakuna aliyekumbuka zilitoka wapi. Kwa gemu za aina hii angalia sehemu nne: %appdata%, %localappdata%, %programdata%, na folda ya Documents. Usitafute jina la gemu peke yake. Mara nyingi folda ya juu ina jina la kampuni iliyotengeneza, na gemu iko ndani yake. Jina la duka lililoiuza huenda lisionekane kabisa. Jina la mtengenezaji hupita kwenye skrini gemu inapofunguka, ile picha ambayo kila mtu anaibofya ipite haraka.

Kama jina halisaidii, iache gemu ijitaje yenyewe. Tulicheza hatua moja, tukatoka, kisha kwenye dirisha jeusi la amri tukaandika amri ya robocopy, ambayo ni ya Windows yenyewe ya kunakili mafaili:

robocopy C:\Users D:\orodha /L /S /XJ /MAXAGE:1

Alama ya /L inaiambia robocopy iorodheshe tu bila kunakili. /MAXAGE:1 inaacha kila kilicho na umri wa zaidi ya siku moja. /XJ usiisahau: ndani ya AppData\Local kuna njia ya mkato iitwayo Application Data inayorudi kwenye folda ileile, na robocopy bila /XJ inaweza kuzunguka humo mpaka majina ya njia yawe marefu kupita kiasi. Orodha inayotoka ni ndefu, kwa sababu kivinjari nacho huandika kila saa, lakini jina lisilo la kawaida huonekana. Amri hiyohiyo hurudiwa kwa C:\ProgramData. Kisanduku cha kutafutia cha Windows kina udhaifu hapa, kwani AppData haimo kwenye faharasa yake kwa kawaida.

Gemu moja ilikataa hata hapo. Tukatumia Process Monitor ya Sysinternals, zana za bure za Microsoft, programu ndogo inayokaa kwenye flashi na haihitaji kuwekwa. Inafunguliwa kama msimamizi, unabonyeza Ctrl+L, unaweka sharti mbili: Process Name iwe jina la exe ya gemu, Operation iwe WriteFile. Kisha cheza, toka, usome safu ya Path. Njia ikawa pale. Badala ya WriteFile ukiweka RegSetValue, unaona gemu zinazoandika kwenye rejista ya Windows, yaani ghala la mipangilio yake, wala hazina faili lolote la kunakili.

Na hizo ndizo mama mkubwa alizozijali kuliko zote: zile za bure za XP. Minesweeper yake ya leveli ya juu ilikuwa na rekodi ambayo wajukuu walikuwa hawaamini. Rekodi hizo ziko kwenye HKEY_CURRENT_USER\Software\Microsoft\winmine, thamani za Time1, Time2 na Time3 pamoja na Name1 hadi Name3. Kompyuta ya zamani haiwaki, basi rejista yake utaifunguaje? Imo ndani ya faili lililofichwa, NTUSER.DAT, kwenye Documents and Settings\jina. Diski yake, ya aina ya zamani ya IDE, ikachomolewa, kijiti cha jampa kikawekwa upande wa Master, ikaunganishwa kwa adapta ya USB yenye umeme wake wa pini nne. Windows 7 ikakataa kufungua folda ya mtumiaji hadi tulipobofya "Continue", ikakaa muda mrefu ikibadilisha ruhusa za faili moja baada ya jingine. Usichomoe hapo katikati.

Kwenye regedit, programu ya Windows ya kuhariri rejista, unasimama juu ya HKEY_USERS, unachagua File kisha "Load Hive", unaonyesha NTUSER.DAT ya zamani, unaipa jina lolote, tuliipa Zamani. Tawi la winmine likatolewa kama faili la .reg. Likafunguliwa kwa Notepad, maneno HKEY_USERS\Zamani yakabadilishwa kuwa HKEY_CURRENT_USER, likahifadhiwa, likabofywa. Halafu "Unload Hive", la sivyo NTUSER.DAT inabaki imeshikiliwa. Minesweeper ya Windows 7 haizisomi rekodi hizi hata kidogo. Ni gemu nyingine yenye jina lilelile. Ilibidi winmine.exe yenyewe itoke kwenye System32 ya diski ya zamani, iwekwe C:\Gemu. Ilifunguka bila shida na rekodi zake. Spider ya XP ni rahisi zaidi: mchezo ulioachwa njiani uko kwenye spider.sav ndani ya My Documents, na hesabu ya ushindi iko kwenye tawi la Spider la rejista ileile. Pinball hatukuihamisha, hakuna aliyeiulizia.

Mwishoni tukamwachia faili la .bat, yaani faili lenye amri zinazojiendesha likibofywa, kwenye flashi, lenye mistari mitatu ya robocopy na mmoja wa reg export, amri ya kutoa nakala ya tawi la rejista. Kwa kuwa herufi ya flashi inaweza kubadilika inapochomekwa, mahali pa kunakilia paliandikwa "%~dp0zuma", "%~dp0pvz" na "%~dp0nyaraka", yaani ndani ya flashi ileile lilimo faili la .bat. Jina hilo la folda mwishoni ni la lazima: %~dp0 peke yake huishia na mkwaju wa nyuma, na mkwaju ukigusana na alama ya kufunga nukuu robocopy inavuruga njia yote. Faili linabofywa mara mbili tu, kawaida. Likifunguliwa kama msimamizi kupitia akaunti nyingine, %localappdata% itakuwa ya akaunti hiyo nyingine, na litanakili Zuma ya mtu asiyecheza.