Mkono wa bomba haulegei tena

Mkono wa bomba la jikoni ulikuwa unacheza mno, ukifungua maji unahisi utabaki nao kiganjani. Leo nimeukaza mwenyewe, na nimefurahi kweli. Kwanza nimeziba tundu la sinki kwa kitambaa, maana skrubu yenyewe ni ndogo, ikidondokea humo huipati tena. Kile kidude chenye alama nyekundu na buluu ni kifuniko tu. Nimekibandua taratibu kwa ncha ya kisu, na ndani nikaikuta skrubu imelegea. Spana ya L, mzunguko kidogo, basi. Msikaze kwa nguvu zote, nyuzi za skrubu zitalika. Ukikaza na bado unacheza, huenda meno ya ndani ya mkono yamekwisha. Hapo tafuta mkono mwingine unaolingana na bomba lako.