Udongo wa Kalenga juu ya kitambaa cha marekani

Asubuhi za Julai Iringa zina baridi ya kuingia mifupani, na kwa kazi iliyotupeleka Kalenga, kuhamishia picha ya zamani kwenye kitambaa na kuipaka rangi ya udongo, baridi hiyo si jambo dogo.

Ni kilomita kama 15 kutoka mjini. Tulibeba makopo yenye vifuniko, koleo dogo, mita 2 za marekani (kitambaa cha pamba kisichopaushwa) na nakala 2 za picha ya zamani: mwanamke amesimama mlangoni pa nyumba ya udongo ambayo leo haipo. Picha yenyewe ilibaki kabatini. Kazi hii huloweka karatasi na kuisugua mpaka iishe, kwa hiyo kinachosafiri ni nakala tu.

Kalenga palikuwa makao ya Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, mpaka Wajerumani walipopateka Oktoba 1894. Fuvu linalosemwa kuwa lake, lililorudishwa kutoka Ujerumani mwaka 1954, limo kwenye makumbusho ya hapo. Anayetaka kufanya sanaa ya kumbukumbu aanzie mbele ya kabati lile la kioo, ndipo aguse udongo. Lakini asichimbe eneo la makumbusho. Sisi tuliomba kwa bibi mmoja mwenye shimo la matofali nyuma ya nyumba.

“Kamwene, bibi,” tulimsalimu kwa Kihehe.

Tulimwonyesha nakala. Akaitazama muda mrefu.

“Chukueni wa chini, wanangu. Wa juu una mizizi.”

Udongo huanikwa, hutwangwa, huchekechwa, kisha hukorogwa kwenye maji mengi. Subiri dakika 1 mchanga utulie, mimina maji mekundu chombo kingine, yaache yalale. Tope laini linalobaki chini ndilo rangi. Likikauka, changanya vijiko 2 vya unga wake na kijiko 1 cha gundi nyeupe ya mbao, na maji hadi uwe uji mwepesi. Gundi ikipungua, rangi inatoka na kidole. Ikizidi, inang'aa kama plastiki.

Nakala iwe ya mashine ya leza, tena iliyogeuzwa kushoto kulia. Wino wa maji huvuja. Paka gundi juu ya picha, ilaze kifudifudi kwenye marekani, fukuza hewa kwa ukingo wa kadi, iache ikauke kabisa. Hapa ndipo baridi inapoharibu: gundi ikikaukia kwenye ubaridi mkali haishikani, inabaki nyeupe kama chaki, na picha inabanduka na karatasi yake. Nakala ya kwanza ilipotea hivyo, kwa kuachwa usiku. Ya pili ilibandikwa saa nne asubuhi, juani.

Kisha lowesha kwa sponji, sugua kwa ncha ya kidole, karatasi itoke kwa vijipande. Ikikauka ukungu mweupe hurudi. Rudia mara 2 au 3, taratibu zaidi usoni.

Uso ulitoka mzima. Mkono wa kushoto ulibanduka nusu. Hatukuuchora upya, maana kalamu ingempa mkono wa mtu mwingine. Pale palipobaki wazi tulipaka ule udongo wa chini, tabaka 3 nyembamba, maana moja nene hupasuka.