Dakika 11

Siku ile nilikuwa msaidizi tu: kazi yangu kupakia filamu kwenye kamera na kushika fokasi, picha isipoteze ukali. Mpigapicha wetu aliamka na homa. Mwongozaji akanitazama, akasema, "Leo kamera ni yako."

Tulikuwa tunatumia filamu ya milimita 16. Roli ya mita 122, kwa mwendo wa picha 24 kwa sekunde, huisha kwa dakika 11 na sekunde chache. Anayerekodi kwenye kadi leo hawezi kujua dakika hizo zinavyomkaba mtu koo. Nasi tulibakiwa na roli moja.

Tulimfuata seremala mmoja, mzee aliyefiwa na mwanawe waliyekuwa wakifanya kazi pamoja. Akiulizwa, anajibu kwa adabu, maneno mawili matatu, basi. Nilikuwa nimeagizwa nisiuache uso wake. Lakini mikono yake ilikuwa na mazungumzo mengine. Kidole gumba, chenye ukucha uliopasuka zamani ukaota hivyo hivyo, kilipita taratibu kwenye ukingo wa ubao, kikafika penye mkwaruzo, kikarudi, kikaenda tena. Nikashusha lenzi bila kuomba ruhusa. Nilibana pumzi nisitikise picha, nikakaa pale karibu dakika mbili. Kwa mtu mwenye roli moja, huo ni ufujaji.

Niliporudi usoni, mlio wa kamera ulibadilika. Filamu imekwisha. Na hapo ndipo mzee aliposema, "Randa hii ilikuwa yake. Siinoi, mwanangu. Makali yaliyomo ni aliyoyatia yeye."

Mwongozaji alifumba macho. Mimi sikuinuka, niliacha jicho kwenye kamera iliyokufa, maana ningeinuka tu, mzee angejua tumemaliza naye. Fundi wa sauti, Mungu ambariki, hakugusa kitu. Sauti tulikuwa tukiinasa kando, kwenye utepe wake, na utepe ulikuwa bado unazunguka. Mzee aliendelea kusema kwa muda mrefu.

Wiki kadhaa baadaye, chumba cha uhariri, mhariri aliniuliza, "Mikono unayo kiasi gani?"

"Dakika mbili kasoro."

Akailaza sauti ya mzee juu ya kile kidole. Hakuna aliyesema neno. Kwenye pembe ya chini ya picha kuna unywele ulionasa kwenye dirisha la kamera, kile kitundu mwanga unapopita kuifikia filamu; sikuwa nimelipangusa vizuri asubuhi ile. Tuliuacha ubaki.