Umeme Ulipokatika, Mstari Ukanyooka

Ilikuwa Desemba 2019, Lamu, mtaa wa Langoni, kaskazi inavuma. Tulikuwa wawili katika chumba chembamba cha nyumba ya mawe, tukichora jahazi linalotweka tanga: sekunde 10 za katuni kwa filamu fupi kuhusu mabaharia. Kila sekunde ina fremu 24, yaani picha 24. Tulikuwa tukishikilia kila mchoro kwa fremu mbili, kwa hiyo kazi yote ilikuwa michoro 120. Programu ya kuchorea katuni ilikuwa OpenToonz, inayotolewa bure tangu 2016.

Kosa la kwanza lililetwa na nahodha mzee wa jirani. Aliinama mbele ya skrini akasema, "Wanangu, kapi hizi mbona zimekuwa mayai?" Kweli. Kibao chetu cha kuchorea, kile kinachounganishwa na laptopu na kuchorwa kwa kalamu yake, hakikuwa na skrini yake, na eneo lake la kuchorea lilikuwa milimita 152 kwa 95, hali skrini ya laptopu ni pikseli 1920 kwa 1080. Maumbo hayo mawili hayalingani, basi kila duara lililochorwa kwa haraka lilitanuka ubavuni kwa kama asilimia 11. Tuliingia kwenye mipangilio ya draiva, programu inayokiendesha kibao, tukalazimisha uwiano wa skrini. Kimo cha eneo kikashuka hadi milimita 85.5. Milimita 9 na nusu za chini zikawa hazina kazi, na kapi zikawa duara.

La pili lilitula siku mbili. Mistari ya haraka ilitoka safi, lakini ya polepole, hasa ya mshazari kama foromali, mti unaobeba tanga, ilikuwa na mawimbi madogo kama meno ya msumeno. Tukadhani ni ncha ya kalamu. Ilikuwa imelika upande mmoja, maana mchanga wa Shela huingia kila mahali na hugeuza kibao kuwa msasa. Tukaing'oa, tukatia mpya, tukafuta kibao kwa kitambaa chenye unyevu kidogo. Mawimbi yako palepale. Tukaondoa draiva na kuiweka upya, bure. Tukapandisha kiwango cha kulainisha mstari: mawimbi yalififia, lakini wino ukawa unaburuta nyuma ya kalamu na pembe zote za tanga zikaviringika. Hiyo si dawa, ni kuficha ugonjwa, na mwenye kuchora tanga anazihitaji pembe zake.

Jioni ya pili umeme ukakatika. Laptopu ikaendelea kwa betri, mwenzangu hakuinua hata kalamu, na foromali ikatoka imenyooka kama imepigwa kwa rula.

Hapo ndipo tulipoelewa. Kalamu ya aina ile haina betri. Wavu wa nyaya ulio chini ya uso wa kibao hutoa mawimbi ya sumaku-umeme, kalamu huyapokea na kuyarudisha, na kibao hukisia ncha ilipo kwa kupima ishara hiyo hafifu. Chaja isiyo na ethi, waya wa kupeleka umeme ardhini, huvujisha kelele za umeme hadi kwenye bodi ya laptopu, nazo hupita kwenye waya wa USB hadi kibaoni. Mkono ukienda haraka kelele hazionekani; ukienda polepole, kila mtikisiko huandikwa. Chaja ya simu iliyolala kando ya kibao ilizidisha.

Tulichora upya michoro 38 kwa betri, saa mbili kuchora, saa moja na nusu kuchaji, simu ikiwa chumba cha pili. Kisha tukamwita fundi umeme. Soketi ilikuwa na matundu matatu kama inavyotakiwa, lakini alipofungua kifuniko, waya wa ethi, wa kijani na manjano, ulikuwa umekunjwa nyuma, haujafungwa popote. Akaufunga, akapima, akarudisha umeme. Tukachomeka chaja, tukavuta mstari mmoja wa mshazari taratibu, kutoka kona hadi kona.

Haukutikisika.