Kuifuata mizinga ya Königsberg: Zanzibar, Rufiji, Mombasa

"Unatafuta mzinga?" mzee akaniuliza, kikombe cha kahawa kimeishia njiani kabla hakijafika mdomoni. "Mbona mizinga tele hapa, mwanangu. Hii Unguja imepigwa mizinga kabla hata baba yangu hajazaliwa."

Tulikuwa kwenye baraza moja si mbali na Forodhani, na alikuwa anasema kweli. Asubuhi ya tarehe 27 Agosti 1896 manowari za Kiingereza zilielekeza midomo kwenye kasri la Sultani, na kwa muda wa dakika 38 hivi zikalipiga mpaka Khalid bin Barghash akakimbilia kwa balozi wa Kijerumani. Upande wake Khalid alikuwa na mizinga miwili ya kisasa kidogo, zawadi ya Kaisari Wilhelm, na mmoja wa shaba wa karne ya 17. Mzee aliipenda sana habari hiyo ya zawadi. Akairudia, akacheka, akaniambia ninywe kahawa isipoe.

Mimi nilikuwa natafuta mizinga mingine, iliyokuja miaka 18 baadaye, wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Jumapili ya tarehe 20 Septemba 1914, kabla jua halijapanda, meli ya kivita ya Kijerumani SMS Königsberg ilitokea upande wa kusini wa mlango wa bandari ya Unguja. Ndani ilikuwapo HMS Pegasus, meli kuukuu ya Waingereza, imetia nanga ili mafundi wake washughulikie mitambo. Königsberg ilikuwa na mizinga 10 ya kipenyo cha sentimita 10.5. Ile ya Pegasus ilikuwa ya inchi 4, yaani takriban sawa kwa unene, lakini haikufika mbali kama ya Mjerumani. Kapteni wa Königsberg, Max Looff, alisimama zaidi ya kilomita 8 nje akaanza kupiga, na makombora ya Pegasus yakawa yanaangukia majini kabla ya kumfikia. Mchana Pegasus ikazama. Mabaharia wake waliokufa wengine wamezikwa kwenye kisiwa cha Chapwani, ambacho wenyeji wa hoteli hukiita Kisiwa cha Makaburi. Nilivuka kwenda huko kwa mashua: mawe meupe, miti, na paa wadogo wanaokimbia ukikohoa.

Nilipanda boti ya Dar mchana, bahari imetulia, nikashuka Kivukoni na begi langu moja kwa moja hadi Sanamu ya Askari. Imesimama pale tangu 1927, bunduki na singe vimeelekezwa bandarini. Chini yake kuna maandishi yanayowakumbuka askari wa Kiafrika waliopigana, pia wapagazi, waliotajwa kuwa ndio miguu na mikono ya jeshi. Nimepita hapo miaka na miaka nikikimbilia daladala bila kuyasoma. Tazama lakini sanamu yenyewe: askari ni mmoja, amesimama imara, na mpagazi hayupo juu pamoja naye. Yeye kapewa nafasi ya chini.

Rufiji ndiko nilikokuwa na hamu nako. Mbagala Rangi Tatu nilipanda gari la Kibiti, tukapita Mkuranga, mikorosho pande zote mbili za barabara, kondakta akibishana na mama mmoja juu ya nauli ya ndoo yake ya samaki. Nikashuka Bungu na kuchukua bodaboda hadi Nyamisati, mahali ambapo watu hupanda vyombo vya kwenda Mafia. Barabara ilikuwa na vumbi jekundu ambalo nilikuja kulikuta hata ndani ya soksi.

Nahodha niliyepatana naye hakutaka kuondoka mpaka maji yajae. "Ukienda maji yakipwa, bosi, utalala huko kwenye matope na kaa," akasema. Basi tukasubiri. Delta ya Rufiji haina mlango mmoja. Ina midomo mingi, Simba Uranga, Kikunya, Msala na mingineyo, na ndani vijito vinagawanyika na kukutana tena hadi mgeni asijue ametokea wapi. Mikoko imeota mpaka ukingoni, mirefu, mizizi nje kama vidole vimeshika tope. Tulipoingia ndani kidogo, bahari ikatoweka nyuma yetu kana kwamba haikuwapo. Hapo ndipo nilipomwelewa Looff. Mtu aliye nje hawezi kuona kitu.

Baada ya Unguja, injini za Königsberg zilikuwa zimechoka. Ikajificha humu, upande wa Salale, na vifaa vya mitambo vikapakiwa kwenye sleji za mbao na kuburutwa na wenyeji nchi kavu hadi karakana ya Dar es Salaam, vikatengenezwa, kisha vikaburutwa kurudi. Hebu fikiria tope hili na chuma kile. Lakini vitabu vingi vinaipita kazi hiyo kwa sentensi moja, halafu vinatumia kurasa kumi kumsifu kapteni.

Waingereza waliifunga mito kuanzia mwishoni mwa 1914. Manowari zao kubwa hazikuweza kuingia kwa sababu ya kina, ndipo wakaleta kutoka Malta meli mbili bapa, Severn na Mersey, zilizokuwa zimejengwa kwa ajili ya mito ya Brazil. Mwezi Januari 1915 walikuwa wameshaiteka Mafia, na hapo wakapata pa kurushia ndege.

Nilimwomba nahodha azime injini tukiwa katikati ya kijito ili nimweleze, maana alikuwa ameniuliza kwa nini watu huja kutazama maji matupu. Nikamwambia: hapa pamejaribiwa namna ya kupiga mzinga ambayo leo kila jeshi linaitumia. Severn na Mersey zilitia nanga nyuma ya mikoko, kilomita 10 hivi kutoka kwa adui. Hawakuiona Königsberg, wala Königsberg haikuwaona wao. Wote walikuwa wanapiga juu ya miti. Mjerumani alikuwa na watu wake mafichoni ukingoni, wakimpigia simu kumwambia kombora limeangukia wapi. Mwingereza alikuwa na ndege juu, ikituma ishara kwa redio: mbele kidogo, nyuma kidogo, kushoto. Siku ya kwanza, tarehe 6 Julai 1915, makombora mamia yalipigwa na Mersey ndiyo iliyojeruhiwa vibaya. Tarehe 11 Julai walirudi. Ndege iliyokuwa na rubani Cull na mtazamaji wake Arnold ilitunguliwa, na wakati inashuka mtoni Arnold aliendelea kutuma masahihisho yake. Kufikia hapo Severn ilikuwa imeshapata shabaha. Königsberg iliwaka moto, Looff akaamuru ilipuliwe kwa vichwa vya topido, ikakaa chini ya mto sitaha ikiwa karibu na uso wa maji.

"Na hao wa kwenye ndege waliionaje meli ndani ya miti yote hii?" nahodha akauliza.

"Waliona moshi."

Akatikisa kichwa, akawasha injini. Mabaki ya meli yamemezwa na tope. Kwa miaka mingi yalionekana, wanunuzi wa chuma wakakata walichokiweza, lililobaki likapinduka na kuzama. Mahali aliponyoosha mkono nahodha palikuwa maji ya rangi ya chai ya maziwa na ndege mmoja mweupe wa mto kwenye tawi. Tulikaa hapo kidogo. Mbu walituondoa.

Wengi huishia hapa, meli imezama, hadithi imekwisha. Kwangu ndipo inapoanza, kwa sababu sitaha haikuzama mbali. Wajerumani waliivua mizinga yote 10, wakaipeleka Dar es Salaam. Mzinga wa meli si mzinga wa nchi kavu. Melini umefungwa kwenye nguzo ya chuma, na unapopiga, teke lake linapokelewa na meli nzima. Nchi kavu unataka magurudumu, na mkia mrefu wa kuchimbia ardhini ili usiruke nyuma ukaua wapigaji wake. Mafundi wa karakana ya reli waliitengenezea vitanda vya magurudumu. Kwa mara moja von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani nchi kavu, akawa na mizinga mikubwa kuliko yoyote aliyokuwa nayo. Kabla ya hapo alitegemea zaidi mizinga ya mwaka 1873 inayotoa moshi mzito, ukipiga mara moja adui ameshajua ulipo.

Ikatawanywa. Mmoja ulifika Kigoma kwa reli, ukafungwa kwenye meli Graf von Götzen, ambayo leo tunaiita Liemba. Baadaye uliondolewa, na meli ikabaki na mzinga bandia wa mbao wa kutishia watu. Mwingine ulikwenda Mwanza. Mmoja ulilipuliwa na wenyewe Kahe mwezi Machi 1916, vikosi vya Smuts, jenerali wa Afrika Kusini aliyewaongoza Waingereza, viliposhuka kutoka Taveta. Mingine ilipiga Kondoa Irangi mwezi Mei mwaka huo.

Palipokuwa na reli, sawa. Pasipo na reli, nani aliivuta? Ng'ombe waliuawa na mbung'o. Farasi na nyumbu wa Waafrika Kusini walikufa kwa maelfu kwa sababu hiyohiyo. Wakabaki watu. Kamba ndefu mbili, mamia ya wanaume kwa mzinga mmoja, masika ya 1916 yakiwa yamegeuza njia kuwa matope. Kombora lake moja lilikuwa na kilo 17 hivi, bila kuhesabu ganda na baruti, kwa hiyo mapigo machache tu yalitaka msafara mzima wa vichwa nyuma yake. Na msafara nao unakula. Katika nchi ambayo majeshi yote mawili yalikuwa yanachukua mahindi na mtama wa wanavijiji, kila mzinga ulikuwa na njaa yake. Nathubutu kusema kwamba mizinga hii ya Königsberg ilikula watu wengi zaidi wa upande wake kuliko iliowaua upande wa pili. Msituni, adui amelala chini umbali wa mita mia moja, uwezo wa kupiga kilomita 12 unakusaidia nini?

Waingereza walijifunza hilo polepole. Kuelekea mwisho wa vita vikosi vya King's African Rifles, jeshi la askari wa Kiafrika chini ya Waingereza, vilikuwa na mota za Stokes: bomba, bamba la chini, miguu miwili. Vipande vitatu, mabega machache, hakuna haja ya barabara. Unadondosha bomu mdomoni, linagonga pini chini, linaruka juu na kushuka ndani ya mtaro ambao mzinga wa kawaida ungeupita juu kwa juu. Silaha ya aina hiyo ingelikuwapo 1914, hakuna mwenye akili ambaye angeburuta chuma cha meli hadi Kondoa.

Kutoka Dar nilipanda basi la Tanga, nikalala, kesho yake nikavuka Horohoro. Maofisa wa mpakani waliniuliza nakwenda kufanya nini Mombasa. Nikasema kutalii. Kusema "kutazama mzinga" kungenichelewesha.

Fort Jesus jua la saa tisa halina huruma. Ngome yenyewe ni ya Wareno, ya miaka ya 1590, na mizinga ya zamani imejaa humo, watoto wanaikalia kupigwa picha. Ule wa Königsberg huwezi kuupita bila kuutambua: mrefu, mwembamba, wa kiwandani, hauna nakshi hata moja. Nikaupima mdomo kwa kiganja. Vidole vikaenea, basi. Kitu chembamba hivi. Rangi imepakwa juu ya rangi mpaka kona zake zimekuwa butu, na chini ya rangi kutu linafura kama jipu. Na upo pia mzinga wa Pegasus, uliookolewa Unguja. Wapinzani wawili wa asubuhi ile, sasa unawatembelea wote kwa tiketi moja.

Kundi la wanafunzi wa sekondari lilipita na mwalimu wao. Kijana mmoja akaupigapiga mzinga kama anavyopigwa mgongo ng'ombe mnadani, akauliza ni nani aliyeuteka. Mwalimu akamjibu vizuri, akataja Smuts, akataja von Lettow. Nilipoombwa niongeze neno, nikawaambia wajipange mstari na wahesabiane. Walikuwa 40 na kitu. Nikawaambia ninyi hamtoshi hata kuusogeza kwenye mlima, tungehitaji shule nzima, na wengine wa kuwabebea unga wenu. Wakaanza kubishana: mmoja akasema kwa puli inawezekana, mwingine akasema puli utaifunga wapi porini. Msichana mmoja akauliza kama wavutaji walilipwa. Nikamwambia mshahara wa mpagazi ulikuwa mdogo kuliko wa askari, na wengi hawakurudi kuudai; upande wa Waingereza peke yake, vifo vya wapagazi vilivyoandikwa vinapita 40,000, wengi kwa kuhara, malaria na njaa, si kwa risasi. Upande wa Wajerumani daftari lilikuwa baya zaidi.

"Na hii mingine iko wapi?" akauliza.

Mmoja uko Pretoria, mbele ya majengo ya serikali, mmoja uko Jinja kwa Waganda. Von Lettow alipokabidhi silaha Abercorn, ambayo sasa ni Mbala ya Zambia, tarehe 25 Novemba 1918, hakuwa na hata mmoja. Alikuwa na mzinga mmoja tu, aliounyang'anya kwa Wareno, na makombora 40.

Mwalimu akatazama saa, basi lao lilikuwa linasubiri. Mimi nikaenda kuulizia gari la Voi, maana Taveta ilikuwa bado, na mlima Salaita, ambapo Waafrika Kusini walipigwa tarehe 12 Februari 1916 baada ya mizinga yao kutwanga kilele kitupu huku mahandaki ya adui yakiwa chini, kwenye vichaka.